Mama Kunda Mbele ya Jaji

Mama Kunda alifundisha wanawake kushona katika jumba la serikali kule Kamalondo. Mwaka 1975 likatangazwa kuuzwa kwa mnada. Yeye na wenzake wakachanga, wakaenda kununua, wakakuta mlango umefungwa; ndani, jumba likauzwa kwa tajiri mmoja. Mama Kunda akashitaki.

Wakili wa tajiri akasema, "Nyumba si yake. Hana haki ya kulalamika."

Jaji akamgeukia Mama Kunda. "Citoyenne, hii nyumba iko yako?"

"Hapana, baba juge, iko ya Leta, ya serikali. Lakini mnada ulikuwa wa bantu bote, na siye balitufungia mulango."

"Nani aliona?"

Abibu, mlinzi wa jumba, akasimama. "Miye njo nilifunga. Wakubwa balinituma."

Jaji akaamua kwamba aliyezuiwa kununua ana haki ya kushitaki. Mnada ukafutwa, ukarudiwa hadharani, na wanawake wakanunua.

Wiki ileile Abibu alifukuzwa kazi. Wanawake wakaenda kwake na samaki wa Kasenga, wamwombe awe mlinzi wao. Mama Kunda alikuwa na hotuba nzima kichwani, lakini machozi yalimtangulia.

"Aksanti, yaya," alimwambia Abibu tu, akimwita kaka mkubwa. "Aksanti sana."