Mawe ya Michembe ya Mama

Enzi zetu, na ninyi mliokulia kandokando ya ziwa mtakuwa mashahidi wangu, Jumamosi haikuwa siku ya kupumzika. Ilikuwa siku ya michembe. Mama alichimba viazi vitamu tangu alfajiri, nasi watoto tukakaa kumenya na kukata vipande vyembamba, vidole vikinata utomvu mpaka kanisani kesho yake. Kisha tulipanda juu ya yale mawe makubwa ya shambani kwetu, tukavianika hadi jiwe zima likawa jeupe. Jua liliunguza nyayo, mbuzi walituvizia, na wingu likitokea upande wa ziwa, hata aliyekuwa chooni alitoka mbio kwenda kuanua.

Niseme kweli, tuliichukia kazi ile. Tulichopenda ni michembe yenyewe ikishapikwa na karanga, tukagombania ukoko. Tulipomaliza shule tukatawanyika mmoja mmoja kwenda mjini. Baba alipofariki, Mama akabaki peke yake. Kila tulipomwomba shamba liuzwe, aje kwetu mjini, Mkuyuni, tukae naye, alijibu, "Mimi nikiondoka, huku patabaki nini? Nyani?" Tulijua iko siku nguvu zitamwishia na nyumbani patageuka pori.

Aliyevuruga mipango yetu ni Kabula, binti wa kaka yangu, wa kizazi hiki kinachopiga picha chakula kabla ya kukionja. Alikwenda likizo kwa bibi yake, akapiga picha mawe yamejaa michembe, ziwa likimeta nyuma, akairusha mtandaoni. Wakaja vijana wa chuo kutoka Nyegezi. Wakaja watu wa maofisini na watoto wao, kisha Wazungu. Wanalipa kiingilio ili wamenye viazi! Sisi tulichapwa ili tuvimenye.

Wala Mama hawabembelezi. Nilimsikia akimwambia bwana mmoja mwenye kitambi, "Baba, vipande hivi unawakatia ng'ombe? Punguza unene." Yule bwana akaomba radhi, akaanza upya huku mkewe akicheka hadi machozi.

Mwezi uliopita tulikwenda ndugu wote, tumeazimia kwamba safari hiyo tunarudi naye. Kaka alieleza taratibu, habari za umri, habari za hospitali kuwa karibu. Mama alimsikiliza bila kuacha kukata viazi.

"Mnataka nikakae sebuleni nitazame televisheni," akasema. "Na hawa wageni watafundishwa na nani? Na wewe Kabula, mbona umesimama? Leta ungo."

Kabula, aliyekwisha kuhamia kwa bibi yake, akaleta ungo. Kaka akachukua kisu, akaanza kumenya.

Nilifurahi mno, na moyo uliniuma kidogo pia. Zamani tulimwomba Mama atuachie mapema twende kuogelea, akakataa mpaka kipande cha mwisho kianikwe. Siku hiyo ni yeye aliyetuhimiza tumalize kula tuondoke, maana wageni wa mchana walishafika na hawakuwa na pa kukaa.