Budinaji, Neno Lililoachwa Shimoni

Neno lenyewe nililisikia nikiwa nimeinama juu ya sufuria, na lilinikasirisha hata kabla sijajua maana yake. Budinaji. Lilitoka mdomoni mwa kijana mwenye buti mpya na nyundo ndogo kiunoni, mtaalamu wa miamba aliyeletwa nyumbani kwetu Rukanga na tajiri wetu kutoka Voi. Moto wa kuni ulikuwa unapasuka na mtoto ananililia mgongoni, kwa hivyo katika Kiingereza chake chote nikaokota neno hilo moja. Alilisema akitoka shimoni, akalirudia akijipangusa mikono, na kila alipolitaja ngumi yake ilikuwa na kazi: anaifungua, anaifunga, anaifungua tena. Uso wake ulikuwa na furaha. Halafu tajiri akamgeukia mama mkwe wangu na kumfasiria.

"Mcheku, pole. Mtaalamu anasema mshipa umekufa."

Hayo tu. Maelezo marefu namna ile, pamoja na ngumi, yakatoka kwa Kiswahili yakiwa maneno mawili. Mimi nilimaliza kidato cha nne, sijui mengi, lakini najua mtu hatangazi kifo huku anacheka. Tena tajiri si Mtaita. Akianza kumwita mama mkwe wangu "mcheku", kama tunavyowaita wanawake wazee kwa heshima, ujue kuna kitu anataka.

Nieleze kwanza huyu tajiri ni nani, kwa sababu kwetu neno hilo halina maana ya mtu mwenye mali nyingi. Tajiri ni anayewalisha wachimbaji. Analeta unga, maharagwe, betri za tochi, na jiwe likipatikana anachukua sehemu yake. Shamba na shimo ni vya mama mkwe wangu, aliyeachiwa na marehemu mumewe. Jiwe linalotafutwa ni lile la kijani, sisi tunaliita grini, na wachimbaji hulifuata ndani ya mkanda wa mwamba wanaouita mshipa.

Sasa, siku chache kabla ya huyo mtaalamu kuja, rangi ya kijani ilipotea kwenye mshipa. Ilipotea siku ambayo mimi nilipeleka chakula.

Kwenye mashimo yetu kuna mwiko. Mwanamke anayenyonyesha hakaribii mdomo wa shimo. Wanasema grini inasikia harufu ya maziwa na kukimbia. Sijui nani aliyeisikia ikisikia. Siku hiyo wachimbaji hawakutuma mtu kuchukua chakula, jua lilikuwa kali, kimanga, mseto wetu wa muhogo na maharagwe, kinapoa, nikaona upuuzi kuwaacha watu wazima na njaa. Nikakibeba mwenyewe, mtoto mgongoni, nikakiweka kwenye kivuli hatua chache kutoka shimoni, nikaita, nikarudi. Kabla jua halijazama kijiji kizima kilikuwa kimeshajua kwamba jiwe limekimbia na aliyelikimbiza ni nani.

"Nilikuambia usipite pale," mama mkwe akasema.

"Mama, chakula kingefikaje?"

"Kingengoja."

"Na watu?"

"Wangengoja pia. Njaa inapona, mwanangu. Jiwe likishakimbia linapona?"

Huyu ni mama anayeongoza kwaya kila Jumapili. Lakini akaamua achinjwe mbuzi pale uani kulisafisha shimo, na baada ya hapo nichukue mtoto nirudi kwetu Miasenyi, nikakae na wazazi wangu wanaouza matikiti kando ya barabara kuu, hadi jiwe lirudi. Hadi lirudi. Hakuna aliyesema nikae kwetu mpaka lini iwapo jiwe halina mpango wa kurudi. Mume wangu alikuwa hapo anasikiliza, anachokonoa meno.

Hapo ndipo tajiri alipoleta huruma yake. Kwa kuwa mshipa umekufa, alisema, na kwa kuwa mcheku amekuwa kama mama kwake, atamletea tanki kubwa la maji na mabati mapya ya nyumba. Yeye ataridhika na lile shimo. Aandikiwe tu mbele ya mzee wa kijiji kwamba ni lake, basi.

Nilikaa na jambo hilo kifuani kama mtu aliyemeza mfupa. Nani anamwaga tanki na mabati kwa shimo lililokufa? Na kama anahurumia, mbona asilete tanki akaacha shimo? Nikamuuliza mume wangu, kwa sababu siku ya mtaalamu ni yeye aliyeshuka nao akiwashikia tochi.

"Yule kijana alisema nini kule chini?"

"Mambo ya kisomi."

"Wewe umesoma."

"Mama mtoto, mbona unaniuliza kama polisi?"

"Kwa sababu unanijibu kama mwizi."

Akacheka, kicheko cha kutafuta mlango. Kesho yake tajiri alipopita na pikipiki alimsalimia kwa mbali, "Msimamizi, habari?" Msimamizi wa nini? Shimo si limekufa?

Nilijaribu kulitafuta lile neno kwenye simu. Nililiandika jinsi nilivyolisikia, na simu ikadhani nataka pudini, ikaniletea vitamutamu vya maziwa na mayai, na picha za keki. Nikabaki na kitu kimoja tu, ile ngumi inayofunguka na kujifunga. Tarehe ya chanjo ya mtoto ilipofika nikaenda naye Voi, na tulipotoka kliniki sikurudi stendi. Nilikwenda kumtafuta mwalimu wangu wa jiografia, mtu aliyekuwa akituambia darasani kwamba kilima cha Kasigau hakikuanguka kutoka mbinguni, nasi hatukutaka kuamini. Sasa amestaafu, anafuga kuku.

"Wewe," akasema, "wewe ndiye uliyekuwa unabishana."

"Bado nabishana, mwalimu. Budinaji ni nini?"

Aliingia ndani, akakaa huko, akarudi na kitabu ambacho hakukifungua.

"Umewahi kuona mutura ikichomwa pale sokoni?"

"Mwalimu, nimekuja na shida."

"Na mimi nakujibu. Boudin ni Kifaransa. Ni mutura yao, utumbo uliojazwa nyama na damu. Watu wa miamba wakaona mwamba mahali fulani umekaa vivyo hivyo, wakaupa jina la chakula. Usiwacheke, walikuwa na njaa huko milimani."

Kisha akanieleza polepole. Chukua mkanda wa mwamba mgumu uliolala katikati ya mwamba laini. Dunia inauvuta huku na huku, chini kabisa, kwenye joto, kwa muda ambao hata yeye hawezi kuupigia picha akilini. Ule laini unanyooka kama unga uliokandwa. Ule mgumu hauwezi kwenda kasi hiyo, kwa hivyo unakonda mahali, unanenepa mahali, na ukizidi kuvutwa unakatika vipande vinavyofuatana kwenye mstari mmoja. Kila kipande ni boudin. Kitendo chote, huko kuvutwa na kukatika, ndicho budinaji. Wanalitumia neno hilo hilo, alisema, kwa kitu cha kuingia mfukoni na kwa kitu kikubwa kama mtaa. Mara nyingine kati ya kipande na kipande kunabaki shingo nyembamba, mara nyingine hakubaki kitu isipokuwa alama ya ule mwamba laini uliojaza nafasi.

"Kwa hivyo mbele kuna kipande kingine," nikasema.

"Mara nyingi."

"Chenye grini."

"Hapo sasa usinitie maneno mdomoni. Neno linakuambia umbo. Halikuambii mali. Mutura inaweza kuwa ndefu na ndani hamna nyama. Lakini ukisikia budinaji halafu ukaambiwa mshipa umekufa, kuna mtu anakudanganya."

"Ni aliyetufasiria, mwalimu. Alisikia moja akasema lingine."

Mwalimu akamtupia kuku punje za mahindi. "Basi unamjua."

Nilirudi Rukanga nimebana meno njia nzima. Sikumwambia mume wangu kitu. Nilitaka nione yeye ataniambia lini. Hakuniambia.

Siku ya mbuzi ilikuwa ndiyo siku ya kuandikisha, tajiri aliipanga hivyo mwenyewe, nadhani alitaka watu wawe wameshiba. Alikaa kwenye kiti cha plastiki karibu na mzee wa kijiji, majirani wamejaa uani. Mume wangu alikuwa amemaliza kuchuna. Mimi na mama mkwe tulikuwa kwenye karai tunasafisha matumbo ya mbuzi aliyekufa kwa ajili ya maziwa yangu. Begi langu lilikuwa mlangoni. Nani alilitoa nje sikuuliza.

Nikainua kichwa.

"Bosi, budinaji ni nini?"

Akageuka haraka. "Nani amekufundisha hilo?"

Nilishukuru moyoni. Mtu asiyejua neno anauliza, nini? Yeye aliuliza nani.

"Nauliza tu. Mgeni wako alilisema mara nyingi."

"Mama, hiyo ni lugha ya Ulaya. Wewe tuoshee matumbo tule."

Mzee wa kijiji akacheka. Mimi nikaushika utumbo, ambao ulikuwa bado haujakamuliwa, nikaubana kwa vidole mahali pawili, ukafura katikati, nikamwonyesha mama mkwe wangu.

"Mama, hapa nimebana. Utumbo umekwisha?"

"Umekwishaje? Si huu mbele."

"Na mtu akifika hapa kwenye vidole vyangu akaona hamna kitu, akasema umekwisha?"

Mama mkwe aliutazama ule utumbo. Alishika upande wa pili, akaubana yeye mwenyewe. Ukafura kwake. Nikamweleza kwa ufupi, mshipa huvutwa, hukonda, hunenepa tena, na kwamba hiyo ndiyo habari aliyokuja nayo mtaalamu wa watu, ndiyo ile ngumi. Aliosha mikono polepole, akaifuta kwa leso, akamgeukia tajiri.

"Baba, mgeni wako alisema mshipa umekufa au umelala?"

Wachimbaji wazee wanajua tofauti hiyo. Mshipa uliolala unasubiriwa.

"Mcheku, ni kitu kimoja."

"Si kimoja. Marehemu mume wangu alilala kila mchana tangu anioe. Alikufa mara moja tu."

Mzee wa kijiji alicheka tena, safari hii kwa upande wetu. Tajiri akasimama.

"Sasa mtamsikiliza huyu aliyefukuza jiwe?"

"Kama nililifukuza," nikasema, "wewe unalitakia nini shimo?"

Alimtazama mume wangu, na mume wangu akatazama kisu. Mtazamo huo nimeuweka moyoni. Mama mkwe akasema leo hatii kidole kwenye karatasi yoyote, nyama iko tayari, anayetaka kula ale. Tajiri hakula. Akawasha pikipiki, na unga na maharagwe yake ya wachimbaji hayakuja tena.

Mama mkwe alimshusha mwanawe shimoni kwa ulimi wake tu. Mume wangu na binamu yake walichimba bila tajiri, kwa sururu na mtaimbo, na safari hii hawakufuata rangi ya kijani. Hapo ndipo watu wetu hukosea: rangi ikiisha wanatupa vyombo na kumtafuta mwanamke. Walifuata ile shingo, mstari mweusi mwembamba kuliko kidole, unaopaka mikono kama penseli. Kuna mahali ulipotea kabisa, wakaendelea tu kwenye mstari ule ule wakinilaani. Halafu mwamba mweusi ukaanza kupanuka. Ukawa kama mkono, ukawa kama paja. Siku za mwanzo ulikuwa mweusi mtupu, na mimi nikakumbuka kwamba umbo si mali, sikulala vizuri. Kisha binamu akapandisha bonge la ukubwa wa kiazi, limepasukapasuka, na ndani ya nyufa kuna kijani.

Mama mkwe alilishika juani, akaligeuza.

"Mbuzi yule alikuwa mzuri," akasema.

Nilidhani anatania. Hakuwa anatania. Wiki hiyo yote aliwaeleza majirani jinsi mbuzi alivyolirudisha jiwe, na majirani walinipa pole wakisema sasa yameisha, nisirudie tena kupita pale. Wale wale walioona utumbo ukibanwa.

Mume wangu nilimpata peke yake anaosha mikono.

"Ulilisikia lile neno kule chini. Ulielewa?"

"Nusu."

"Nusu ipi?"

Alisugua weusi vidoleni, hautoki upesi. "Alisema itafura tena. Tajiri akaniambia mama amechoka na shimo, tusimpe matumaini ya bure. Na mimi ningesimamia kazi."

"Na mimi ningekuwa Miasenyi."

"Kwa muda tu."

Sikupiga kelele. Nilimwendea mama yake, aliyekuwa amekaa na wanawake wa kwaya, nikamwambia mbele yao kwamba nataka aseme, kwa mdomo ule ule, kwamba sikufukuza jiwe la mtu.

"Kwani mimi nilisema nini?" akauliza, akawatazama wenzake. "Nilisema kitu?"

Wanawake wakatazama leso zao. Mmoja akanivutia kiti, nikae, ninywe chai. Sikukaa. Nilirudi jikoni, nikamwagia moto maji.

Chakula changu na cha mtoto napika. Cha shimoni sipiki tena mpaka mama mkwe aseme uani kwamba sikufukuza jiwe, watu wakisikia. Mume wangu amejifunza kusonga ugali, wa kwanza ulikuwa na mabonge mabichi, na binamu yake anamuuliza kila siku kama hiyo nayo ni budinaji.