Kwetu kwa Njia ya Engaruka

Kwa zaidi ya miaka thelathini niliwafundisha watoto habari za magofu ya Engaruka bila kuyatia machoni. Nilichora mifereji ubaoni, nikatunga maswali ya mtihani, nikawakata maksi waliosahau kwamba watu wale walijenga kwa mawe matupu. Muda wote huo Engaruka ilikuwa mwendo wa saa tatu na kidogo kutoka nyumbani kwangu Sombetini. Kwa hiyo binti yangu aliponionyesha kwenye simu tangazo la safari ya siku moja, magofu asubuhi na kanisa la kale la Wajerumani jioni, kila mtu nyumbani aliamini kwamba mama yao, mwalimu mstaafu, anakwenda kuhakikisha alichofundisha. Niliwaacha waamini.

Ukweli ni kwamba kanisa lile la jioni ni la kwetu. Liko juu ya Tengeru, kwenye mteremko wa Meru, karibu kabisa na migomba ya mama yangu. Nilibatizwa pale, nikapata kipaimara pale, na nilikuwa sijakanyaga pale kwa miaka tisa, tangu tulipomzika mama. Mama alipozidiwa, dada yangu Ndeshi alitaka abaki kitandani kwake. Mimi nikakodi gari nikamshusha mjini akatibiwe. Alifia kwangu siku ya nne. Siku ya mazishi, mbele ya ukoo mzima, dada alinitazama usoni akasema, "Umemuua mama kwa safari."

Nikasubiri aje kuniomba radhi. Naye, nilisikia kwa watu, alikuwa akisubiri mimi ndiye niende. Nilijua kwamba kila Jumamosi jioni dada hufagia kanisa na kupanga maua ya ibada ya kesho yake, na safari ilikuwa ya Jumamosi. Nilitaka kwenda kwetu bila kuonekana nimekwenda. Nilitaka kujua kama dada ataniita kwa jina langu au atanipita kama mtalii.

Saa kumi na mbili asubuhi tuliondoka mjini. Tulikuwa sita ndani ya gari, na kiongozi wetu alikuwa Baraka, mtu wa Tabora aliyehamia Olasiti, mpole, mwenye daftari la maelezo ambalo hakuliachia hata dakika moja. Kiti cha mbele yangu walikaa mume na mke kutoka Rombo, wenye duka la vipuri mjini, ambao tuliwaita Baba Glory na Mama Glory. Mlima Meru ulikuwa wazi mpaka kileleni. Tukaupa mgongo, tukaelekea magharibi, na mimi nikageuka kuutazama mara nyingi kuliko ilivyomfaa mtu anayesema anakwenda Engaruka.

Kisongo tulikuta ng'ombe wanavuka barabara kwa taratibu zao. Makuyuni tukakunja kulia, na Mto wa Mbu tukasimama kununua ndizi nyekundu. Baba Glory alionja moja, akatafuna kwa muda mrefu, akatangaza kwamba huko Rombo ndizi ya namna hiyo hupewa mbuzi.

"Basi irudishe," mkewe akamwambia.

"Nimeshaianza," akasema, akamenya ya pili.

Baada ya Mto wa Mbu lami iliisha. Tulikwenda kaskazini chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, vumbi likiingia hata madirisha yakiwa yamefungwa. Nilicheka kama wenzangu. Lakini kila nilipotazama saa, nilikuwa nahesabu muda uliobaki kabla ya jioni.

Engaruka tulifika saa tatu na robo. Tulipokelewa na Mama Naserian, mwanamke wa Kimaasai wa makamo ambaye huwaongoza wageni kati ya mawe. Aliniamkia shikamoo, akanishika mkono kwenye miinuko kana kwamba tumejuana siku nyingi. Na hapo, mbele yangu, ndipo yalipokuwa: kuta fupi za mawe zikipanda mteremko ngazi kwa ngazi, sakafu za nyumba, mifereji iliyokuwa ikichukua maji ya mto mpaka kwenye mashamba. Ubaoni nilichora mistari mitatu. Kumbe ni mji mzima.

Niliinama nikagusa ukuta. Jiwe lilikuwa limeshaanza kupata joto. Nilimwona mtu akilipanga, akirudi nyuma kidogo kutazama kama limekaa sawa. Mtu huyo alikuwa na watoto, alikuwa na majirani, pengine alikuwa na dada. Machozi yalinitoka, nikasingizia vumbi.

"Wanafunzi wangu niliwaambia walihama kwa sababu ya ukame," nikamwambia Mama Naserian.

"Wapo wanaosema hivyo," akajibu. "Wapo wanaosema vita. Wapo wanaosema ugonjwa. Hakuna aliyekuwepo, mwalimu."

"Na wewe unaonaje?"

Aliangalia zile kuta. "Mimi naona walidhani watarudi. Mtu anayejua harudi huwa anabomoa, anachukua lolote. Hawa waliacha hivi hivi."

Baraka aliandika maneno hayo kwenye daftari lake. Mimi sikuwa na daftari, lakini nilikaa juu ya ukuta mpaka wenzangu waliponiita mara mbili.

Saa tisa na nusu tulipita tena mjini. Binti yangu alikuwa amepiga simu kuuliza kama nimechoka, na nikajibu kwamba hata kidogo. Tulipopita Tengeru na kuanza kupanda barabara ya udongo kati ya kahawa na migomba, niliweka uso dirishani. Kila kona niliijua. Hapa nilianguka na debe la maji. Hapa mama alikuwa akitua mzigo na kujifuta jasho kwa ncha ya kanga. Nyumba nyingine zilikuwa mpya, za vioo na geti, lakini harufu ilikuwa ile ile ya moshi na majani yaliyokatwa. Nilitamani gari liende kwa kasi, na nilitamani liharibike.

Saa kumi na nusu tulishuka nje ya kanisa. Ni jengo la mawe meusi, kuta pana, madirisha membamba, na kando yake kengele iliyoletwa kwa meli enzi za Wajerumani imening'inia kwenye magogo. Baraka alisoma maelezo yake vizuri. Wageni hawajui, akasema, kwamba mawe haya yalibebwa vichwani na waumini kutoka mtoni. Mimi nilijua. Bibi yangu mzaa mama alikuwa mmoja wao.

Kwenye uzio wa kanisa kuna mistari ya masale, ule mmea wa majani marefu ambao huku kwetu hupandwa mipakani na makaburini. Baraka akachuma moja. "Hili," akasema, "Wameru na Wachaga huliheshimu sana. Mtu akikosana na mwenzake, humpelekea sale kuomba msamaha. Akiletewa, hawezi kukataa." Kisha akataka kutoa simu atupige picha, mikono ikamjaa, akanipa mimi lile jani nimshikie. Nikalishika. Mimi, Mmeru wa kuzaliwa, niliyekatazwa tangu utotoni kuchezea masale, nililishika kama chaki, kwa sababu macho yangu yalikuwa kwenye mlango wa kanisa. Mama Glory aliliona mkononi mwangu. Alinitazama, akamvuta mumewe pembeni ili anipishe njia.

Mlango ulifunguka, dada akatoka na ufagio. Alikuwa amepungua. Nywele zilizochungulia kwenye kilemba zilikuwa nyeupe zote. Aliwatazama wageni, akawapungia mkono wa adabu, kisha akaniona. Macho yake yakashuka polepole mpaka mkononi mwangu, na ndipo na mimi nikatazama nilichoshika.

Nilitaka kulitupa. Mkono ulikataa. Dada aliuegemeza ufagio ukutani, akafuta viganja kwenye kanga, akaja akalipokea jani kwa mikono miwili.

"Nimepokea, Eli," akasema. "Nimekusamehe."

Nawaambia ukweli kama ulivyokuwa: nilipandwa na hasira. Anisamehe nini? Aliyetukanwa mbele ya watu ni mimi. Aliyepaswa kuleta sale ni yeye. Na Baraka, Mungu ambariki, alikuwa amefungua mdomo akitabasamu: "Samahani mama, hilo ni langu, la maelezo..." Nikamkanyaga mguu. Sijui kwa nini nilimkanyaga. Nilijua tu kwamba akimaliza sentensi ile, nitarudi Sombetini na miaka mingine tisa.

"Asante, dada," nikasema.

Akanishika bega, akanipeleka kaburini kwa mama bila kuwaaga wenzangu. Kaburi lilikuwa safi, limepaliwa karibuni. Nilipiga magoti na hapo hasira ikaniishia yote, ikabaki kitu ambacho kwa miaka tisa sikuwahi kumwambia mtu: kwamba na mimi nilikuwa najiuliza kila siku kama ni gari lile lililommaliza. Kile nilichokiita tusi la dada kilikuwa swali langu mwenyewe. Nilililia msamaha huo mpaka nikakosa pumzi, na dada akakaa kando yangu, mkono wake mgongoni.

Saa kumi na mbili kasoro gari lilipiga honi. Nilimwambia Baraka waende tu. Mama Glory alinipa mkoba wangu dirishani, akaniminya vidole.

Jumapili asubuhi nilikunywa chai jikoni kwa mama, kwenye kigoda nilichokikalia nikiwa mtoto, magoti yakinifika kidevuni. Nililala na dhamiri nzito. Nikasema, "Dada, lile sale la jana..."

"Najua," akasema akikoroga uji. "Ulilishika kama fimbo ya kuchapia watoto. Anayekuja kuomba hashiki hivyo."

"Ulijua? Na ukapokea?"

"Ningesubiri ulete la kwako, Eli? Na wewe ungesubiri nilete la kwangu? Tungezikwa wote." Akanimiminia uji. "Nilipoliona nikasema, hili Mungu amelileta, aliyelichuma ni nani haijalishi. Lile neno nililosema msibani lilinitesa. Nilikosa mlango wa kupitia."

Tulicheka mpaka majirani wakachungulia. Kisha tukaenda ibadani, tukakaa benchi moja upande wa wanawake, na tukaimba nyimbo kwa Kimeru, lugha ambayo huko Sombetini sina wa kuizungumza naye. Mchana tukala loshoro ya mahindi na maziwa mgando. Nililamba bakuli bila aibu.

Saa tisa alasiri dada alinisindikiza mpaka barabarani. Sasa nafikiri wanafunzi wangu wananidai masahihisho. Niliwaambia watu wa Engaruka walihama kwa ukame, nikaweka nukta. Siku hizi sina uhakika. Nimejifunza kwamba mtu anaweza kuikimbia nyumba anayoitamani kila siku, akabaki huko alikokimbilia akizeeka na sababu zake, na kinachomrudisha kikawa kitu kidogo ambacho wala hakukipanga. Somo hilo halikuwemo kwenye kitabu cha kiada, na mimi mwenyewe nimelipata nikiwa na pensheni.

Tulisimama tukisubiri gari la kushuka Tengeru. Dada alikuwa akivuta vuta uzi wa kanga yake, nikajua ana jambo.

"Eli," akasema mwishowe, "sikuwahi kupata wa kumuuliza. Siku ile mama anatutoka... alisema nini?"

Miaka tisa nilikuwa na maneno hayo peke yangu, na haikunijia hata mara moja kwamba kuna mtu huku mlimani anayasubiri.

"Alikutaja wewe," nikamwambia. "Aliuliza, 'Ndeshi ameshawapa ng'ombe majani?'"

Gari lilitokea konani. Dada hakulitazama. Aligeuza uso kuelekea nyumbani, kwenye migomba, akaweka kiganja mdomoni, kisha akakiondoa.

"Nilishawapa, mama," akasema.