Fosca, Aliyemmalizia Marehemu Filamu Yake

Saa tatu asubuhi, katika chumba chenye mapazia mazito mtaani Quadraro, Roma, Fosca Meniconi anamsimamisha mwigizaji kwenye skrini, katikati ya machozi. Anarudisha picha nyuma, anaitazama tena, anatikisa kichwa.

"Huyu analia mapema mno," anasema. "Mtu akipewa habari mbaya, kwanza huuliza tena."

"Mama, hicho ndicho kilio ninachokipenda kuliko vyote!" analalamika Ilenia Zuccari, mwongozaji wa filamu hiyo, huku akimmiminia kahawa.

"Kipende, mwanangu. Ila kitaanzia hapa."

Anabonyeza kitufe. Ilenia anakitazama kipande chote. "Mh! Mchawi wewe," anasema mwishowe, na wote wawili wanaangua kicheko.

Fosca ana miaka sabini na saba, na zaidi ya hamsini ameitumia kukata na kuunga filamu za Kiitaliano. Mama yake, fundi cherehani, alitaka ashone magauni ya maharusi. "Nilipomwambia nimepata kazi ya kuunga sinema, alinigusa paji la uso akidhani nina homa," anasimulia.

Filamu iliyomjengea jina nusura isionekane kabisa. Mwaka 1981 mwongozaji Ruggero Spadafora, rafiki yake wa kazi, alifariki ghafla kwa ugonjwa wa moyo kabla ya kupiga picha za mwisho. Ilikuwa hadithi ya mwanamke wa Calabria anayemngoja mumewe aliyekwenda kuchimba makaa Ubelgiji. Mtayarishaji akaamua mikanda ifungiwe stoo.

"Filamu haina mwisho, Fosca. Nitawaonyesha watu nini?"

"Niachie chumba hadi Pasaka."

"Na ukishindwa?"

"Nikishindwa, stoo nitaifunga kwa mkono wangu."

Akajifungia na vipande vilivyokuwa vimetupwa. Katika kimoja kamera iliendelea kunasa picha bila mwigizaji kujua. Mwanamke yule ameketi kizingitini, anavua viatu, anainua macho barabarani, kisha uso wake wote unachanua kwa tabasamu.

"Alikuwa amemwona Ruggero akija na mkate wa chakula cha mchana," anasema Fosca. "Nikakata kabla Ruggero hajatokea, ikawa kama mumewe ndiye anayerudi. Nililia, nikafuta macho, nikaunga."

Filamu ilionyeshwa kwanza uwanjani, kijijini kwa marehemu. Ilipokwisha, mama yake Ruggero, aliyevaa nyeusi tupu, alimfuata Fosca.

"Binti, yule mwanamke anamchekea nani?"

"Mwanao, mama. Alikuwa anakuja."

Bibi yule alimshika mikono yote miwili, akaibusu. "Basi bado yuko njiani," akasema.

Tuzo zilifuata, na leo zimepangwa juu ya friji. Wageni wakiziulizia, Fosca huwasimulia habari za bibi yule. "Mikono hii imebusiwa na mama wa Ruggero," anasema akiinyoosha mbele yake. "Sijaona tuzo ya kuishinda hiyo."

Binti yake anamsihi ahamie Anzio, akapumzike ufukweni.

"Nikatazame mawimbi? Picha ile ile kutwa nzima, wala hakuna wa kuikata!"

Badala yake, filamu ya Ilenia ikikamilika, atafungua darasa la kuunga filamu humo humo chumbani kwa wanawake wa mtaa. Muuza samaki wa sokoni na muuguzi mstaafu wameshaomba nafasi.

"Nataka siku moja niketi sinemani nisome jina la mwanafunzi wangu kwenye skrini," anasema. "Nitapiga makofi hadi mama yake mzazi aone wivu."