Wimbo wa Dunia Katika Mazishi ya Baba

Mchungaji alinikataza palepale mlangoni, hata koti sijavua. "Mama, pole sana. Lakini hapa hatuimbake nyimbo za dunia. Tena mbele ya maiti? Hapana."

Nilimwitikia, "Ndiyo, pasteur," huku moyoni nimeshakataa. Mimi nikikatazwa jambo mbele ya watu ubishi hunipanda kichwani, na siku ile nilikuwa na sababu. Kule hospitalini, baba alinishika mkono akaniomba kitu kimoja tu: kabla hawajafunga jeneza, nimwimbie wimbo wa mwimbaji wake mpendwa, Mwarmenia wa Ufaransa. Nikamwahidi. Sasa alikuwa amelala mbele ya kanisa letu pale Temple Hills, huku Amerika, jeneza wazi, na mashemasi wenye glovu nyeupe wamesimama ukutani wakisubiri amri ya kufunga.

Mama yangu ndiye niliyemwogopa zaidi. Zamani kwetu Bukavu, baba alikuwa akiimba nyimbo za yule bwana kwenye baa ya hoteli, na wanawake wakimtumia bia mezani. Wazazi wangu walipookoka, mama alizitia kanda zake zote kwenye mbabula, makaa yakiwa mekundu. Baba hakuziacha. Aliendelea kuziimba hukuhuku Amerika, kule Sterling alikokuwa akisafisha ofisi karibu na uwanja wa ndege, mashine ya kufyonza vumbi ikinguruma ili asisikiwe. Mimi nilimsikia kwa sababu nilifanya kazi naye, nikisukuma toroli la takataka nyuma yake.

Mama alijua nilichoahidi. Asubuhi ile, ndani ya gari, alisema bila kunitazama, "Ukiimba ile wimbo, mi natoka. Batu bote bataona."

Lakini kwetu mtoto wa marehemu hanyimwi nafasi ya kutoa ushuhuda. Nilipoitwa nikachukua maikrofoni, nikaanza kumsimulia yule mwimbaji kama baba alivyokuwa akinisimulia, utadhani ni mjomba wetu wa Uvira.

Nikasema walikuwapo mume na mke waliokimbia mauaji ya watu wao wakaangukia Paris, mikono mitupu. Kanisa zima likaitikia Amina. Nusu yao walipitia kambi za wakimbizi, hadithi hiyo wanaijua. Nikasema mtoto wao alikuwa mfupi, sauti yake inakwaruza, na wakubwa wa muziki wakamwambia hana sura wala sauti, bora atafute kazi nyingine.

"Akaacha?" mzee mmoja akauliza kwa sauti.

Hakuacha. Aliandika nyimbo, wengine wakaziimba wakasifiwa wao, naye akazidi kupanda jukwaani mpaka watu wakaacha kumzomea wakaanza kusimama kumpigia makofi. Akaigiza filamu. Nchi ya wazazi wake ilipopigwa na tetemeko, akawakusanya waimbaji wenzake waisaidie. Alivuka miaka tisini akiwa bado anaimba. "Baba alisema, kama mtoto wa wakimbizi mwenye sauti mbovu ameweza, na sisi tutaweza."

"Haleluya!" Mchungaji alikuwa amesimama, Biblia kifuani. "Huyo mutumishi wa Mungu alikuwa anasalia kanisa gani?"

Hapo nikaogopa kweli. Ningeweza kudanganya nikakaa zangu chini na amina zangu.

"Hakuwa mtumishi, pasteur. Alikuwa anaimba mapenzi."

Mchungaji akaanza kunijia. Nikaanza kuimba kabla mchungaji hajanifikia.

Kifaransa changu ni cha kuokoteza, nilikuja huku mdogo. Maneno niliyashika kwa kumfuata baba na toroli, na sasa yalikuwa yananitoka mbiombio, kama mtu anayefukuzwa. Mchungaji akaninyang'anya maikrofoni. Nikaendelea bila maikrofoni. Akawapa mashemasi ishara, nao wakashika kifuniko.

Mama akasimama.

Vichwa vyote vikageukia mlango. Nikiendelea, mama ananiaibisha mbele ya ukoo na huenda asinisemeshe tena. Nikinyamaza, baba anafunikwa nami nimemdanganya. Nilikuwa nalia kwa hasira, hasira ya kuwakasirikia wote, hata baba aliyeniachia mzigo huu. Lakini sikunyamaza.

Mama hakwenda mlangoni. Alitembea moja kwa moja mpaka kwenye jeneza, akaweka kiganja chake juu ya mkono wa baba, pale pale kifuniko kilipokuwa kinashuka. Shemasi akamwambia kwa heshima, "Mama, ni saa ya kufunga."

"Mungojee. Hajamaliza."

Kisha akaniambia, macho yake kwa baba, "Na weye, imba polepole. Yeye alikuwa anaiimbaka polepole."