Babu Aliyegeuka Baba Mjini Kisii

Jumamosi ni siku ndefu sana ukiwa mimi. Mama mwenye duka ninamouza simu na spika ni Msabato, na Ijumaa jua likianza kuinama tunashusha mlango wa chuma hata kama mteja amesimama nje na mkono mfukoni. Yeye huenda nyumbani kujiandaa kwa Sabato yake. Mimi nilibatizwa Katoliki, siku yangu ni Jumapili, kwa hiyo Jumamosi inabaki katikati haina mwenyewe. Nafua, naanika, nakaa kwenye kiti cha plastiki kuangalia nguo zikikauka. Wapangaji wenzangu wote huwa wameenda kwao. Kwetu ni Magwagwa, si mbali hata kidogo, lakini kwenda nyumbani kila wiki ni kuulizwa kila wiki kama bado niko kwa duka la mtu.

Wimbo wenyewe ulikuja dukani ndani ya memori kadi. Mteja aliiacha nimjazie nyimbo za kanisa, akaondoka, hakurudi. Nilipoifungua nikakuta kipande kimoja tu. Gitaa la umeme linaanza peke yake, zito, linanguruma. Ngoma zinaingia. Halafu mwanamume anavuta pumzi, unaisikia kabisa hiyo pumzi, anaita kwa Kigusii, "Wewe wa mlimani," na hapo pamekatika. Hakuna kingine.

Nikaanza kupimia spika na kipande hicho. Wateja walikipenda, wakanunua spika, wakaenda zao, na mimi nikabaki na mtu aliyeita halafu akanyamaza. Siku nyingine nilimjibu. Nilisema, "Eeh, niko hapa, sema," kwa sauti ndogo ili mwenye duka asidhani nimeanza kuugua. Sijawahi kushika gitaa, lakini kichwani mwangu nina bendi nzima, na mimi ndiye niko mbele, na taa zote zimenigeukia. Kwa hiyo nilitaka kujua mwenzangu huyu alikuwa anamwambia nini mtu wa mlimani. Nilitaka kusikia wimbo ule mpaka mwisho, mara moja tu. Sikuwa nataka kitu kingine mjini.

Ni mwendesha boda mmoja wa Ekerenyo aliyenifungua macho. Alikuwa ananunua chaja, akasikia spika, akacheka.

"Huyo mzee bado yuko, dada. Jumamosi anatembeza watu hapa mjini, anawaonyesha mahali muziki wa roki ulikuwa unapigwa. Mkimaliza anawapeleka kwake anaimba. Wimbo ni huo huo mmoja."

"Mpaka mwisho?"

"Sasa ataimba nusu, kwani ni redio?"

Jumamosi iliyofuata nilivaa viatu vyangu vizuri nikaenda. Tulikuwa watu wanne tukimngoja kando ya soko: mwalimu mmoja wa Nyansiongo na mkewe, ambaye pia ni mwalimu, kijana mmoja wa Nairobi mwenye nywele za rasta, na mimi. Mzee akatokea amevaa jaketi la ngozi lililopasuka kiwiko, mwembamba, anatembea kama mtu anayesikia ngoma ambayo sisi hatuisikii. Alitusalimu kwa mkono mmoja mmoja. Alipofika kwangu hakuuachilia mkono.

"Na huyu ni mke wangu wa mwisho," akawaambia wenzangu. "Nimemngoja mpaka meno yakachoka."

Kwetu babu na mjukuu hutaniana hivyo, hakuna anayekasirika. Nikamjibu, "Babu, na mahari yako iko wapi? Sioni hata mbuzi."

"Mbuzi ni huyu wa Nairobi. Tazama ndevu zake."

Tukacheka wote, na kijana wa Nairobi akacheka kutushinda. Nilishangaa kusikia sauti yangu ikiwa katikati ya sauti za watu.

Alitupeleka kwanza kwenye duka la magodoro. Zamani palikuwa ukumbi wa dansi, akasema, na pale yaliporundikwa magodoro ya watoto ndipo jukwaa lilikuwa. Muuzaji alimjua, akasogeza magodoro mawili bila kuambiwa, tukaona sakafu imeinuka kidogo. Mzee akapanda juu, akasimama kati ya magodoro, akatueleza jinsi roki ilivyofika kwetu. Kaka yake mkubwa alikuwa anakamua ng'ombe katika shamba la mzungu upande wa Nyansiongo. Mzungu alipouza shamba akaondoka, aliacha gramafoni na sanduku la sahani za muziki. Walizisikiliza kwenye zizi.

"Ng'ombe walikuwa wa kwanza kuzoea," akasema. "Sisi tulifuata."

Lakini gitaa waliponunua, hawakulipenda. Masikio yao yalikuwa yamelelewa na obokano, kile chombo chetu cha nyuzi nane kinachonguruma kama nyuki waliofungiwa kwenye mtungi. Gitaa lilikuwa linalia safi mno, kama limeoga. Wakaona hapana. Wakachukua kijiti cha chuma cha mwavuli uliovunjika, wakatoboa karatasi ya spika, na gitaa likaanza kunguruma kama obokano. Nilisisimka mwili. Mimi nimeuza spika siku zote nikiwaambia wateja wasiiguse karatasi ile hata kwa kidole.

Kutoka hapo tulishuka mpaka kwa mama anayechoma mahindi, tukapumzika. Hapo mzee akaanza kuuliza kila mtu anatoka kwa nani.

"Mimi wa Nairobi," kijana akasema.

"Hakuna mtu kwao ni Nairobi. Haya, tukuache hivyo hivyo."

Mwalimu na mkewe wakataja koo zao, mzee akahesabu akawaambia wao ni wajukuu zake, wawe huru. Zamu yangu ikafika. Ningesema Magwagwa nikaendelea kula mahindi. Lakini hakuna mtu alikuwa ameniuliza swali hilo tangu nihamie mjini, na lilipokuja nililifungulia mlango wote. Nikataja ukoo, nikataja mlango wetu katika ukoo, jina la baba, jina la babu, hata mto tuliopakana nao.

Mzee akaacha kutafuna. Akaniuliza tena jina la babu. Nikalirudia.

"Babu yako," akasema taratibu, "alikuwa anamwita baba yangu kaka. Baba yangu alikuwa na mvi, babu yako bado anachunga mbuzi, lakini walikuwa kizazi kimoja. Kwa hiyo baba yako namwita ndugu."

"Eeh, babu."

"Si babu. Mimi ni baba yako. Wewe ni mtoto wangu."

Nikasema, "Eeh, tata," kama tunavyomwita baba nyumbani, na nikafurahi mpaka mahindi yakanipalia. Nilifikiri nimepata kitu juu ya kitu.

Yeye hakucheka. Alifunga zipu ya jaketi mpaka shingoni, akainuka, akatangulia. Mke wa mwisho alikuwa amekufa palepale kwa mama wa mahindi, na sikuelewa mpaka tulipofika pahali pa kuoshea magari, ambapo bendi yao ilikuwa inafanyia mazoezi.

"Hapa palikuwa na chumba chenye dirisha dogo," akasema. "Wasichana walikuwa wanapitia dirishani, maana mlangoni kulikuwa na mama zao. Sasa kuna mmoja usiku huo alikuja amevaa..." Akaniona. Akageuza uso. "Walikuwa wengi. Twendeni."

"Walikuwa wengi, halafu?" kijana wa Nairobi akauliza.

"Halafu mvua ikanyesha."

Mke wa mwalimu akanisogelea, akasema kwa sauti ya chini neno moja, "Chinsoni." Hakuhitaji kunieleza. Ni ile heshima iliyo kati ya mzazi na mtoto kwetu, na mzazi ni kila mtu wa kizazi cha wazazi wako. Mambo ya mapenzi hayasemwi mkiwa pamoja. Nyumbani, baba akiwa sebuleni na redio ikaleta wimbo wa mambo hayo, mmoja wetu alikuwa anainuka kuizima, na hakuna aliyeuliza kwa nini. Na babu? Babu angeweza kuniimbia chochote chini ya jua.

Tulipokuwa tunapanda kilima kijana wa Nairobi alinipata nyuma. "Lakini wewe, si ungenyamaza tu? Ungesema hata Eldoret."

"Sikujua."

"Basi mwambie ulikosea. Babu ni mwingine."

Nikatazama mgongo wa jaketi ule mbele yetu. Sikuweza. Mtu akishahesabu akakupata, utamwambiaje usinipate?

Chumba chake kiko orofani, juu ya fundi wa nguo. Tulipanda ngazi, yeye akasimama mlangoni na ufunguo mkononi bila kufungua. Alikuwa anaongea na ufunguo.

"Hawa wametoka mbali kwa ajili ya wimbo. Nisipoimba nimewakosea. Nikiimba ukiwa humu, nimekukosea wewe na baba yako."

Nikamwambia, "Tata, acha maneno. Piga gitaa peke yake."

"Maneno ndiyo yaliyozaa hilo gitaa, mwanangu."

"Ni mabaya?"

Akafikiri. "Si mabaya. Ni ya watu wawili."

Wenzangu walikuwa wanaangalia ukuta. Nilisubiri mmoja aseme basi tusisikie wote, lakini kwa haki sikuwa na sababu ya kumsubiri. Nikasema, "Nitashuka, tata."

"Usikae kwenye ngazi."

"Sitakaa."

Nilipofika chini nilikuta dirisha lake liko wazi juu ya kichwa changu. Kijana wa Nairobi alichungulia, akanionyesha kwa kidole nisimame palepale, ukutani, na nifunge mdomo. Kisha akatoweka ndani. Nikasimama. Gitaa likaanza peke yake, zito, likinguruma, na moyo wangu ukaenda mbele yake kwa sababu njia ile naijua. Nilijua ngoma zingeingia wapi, ingawa humo ndani hakukuwa na ngoma, alikuwa anagonga sakafu kwa kiatu. Nilijua pumzi iko wapi.

Akanyamaza kidogo kabla ya hiyo pumzi, nami nikakimbia.

Nilivuka barabara mpaka kwenye kinu cha kusagia unga, nikasimama mlangoni kabisa, mahali mashine inapiga kelele mpaka meno yanatetemeka. Mama mmoja aliyekuwa ameshika debe lake akaniinamia sikioni.

"Umeleta mahindi?"

"Hapana, mama. Nangoja watu."

"Basi sogea kando. Utajaa unga."

Sikusogea. Nililitazama dirisha lile ng'ambo, pazia likipeperuka, na sikusikia hata sauti moja. Nilijaribu kujitungia maneno ya mtu wa mlimani kama nilivyozoea dukani. Hayakuja.

Walishuka baada ya muda mrefu. Mwalimu alikuwa amemshika mkewe mkono, jambo ambalo asubuhi hakulifanya, na mkewe alikuwa anatazama chini akitabasamu peke yake. Mzee alivuka barabara akaja mpaka niliposimama.

"Ulisikia?"

"Sikusikia, tata."

Akaangalia unga kwenye nywele zangu, kwenye mabega, kwenye viatu vyangu vizuri. Akaitikia kwa kichwa mara kadhaa.

"Umelelewa," akasema. "Msalimie baba yako. Mwambie nipo."

Tukaanza kurudi pamoja kuelekea stendi, maana wale wa Nyansiongo walikuwa na safari. Yeye alitembea mbele na wenzangu, na baada ya kidogo nikamwona anainua mikono kuonyesha ukubwa wa dirisha dogo, na wote watatu wakainamisha vichwa kumkaribia. Nikajua msichana yule amefika dirishani tena na leo ataingia. Mzee akageuka kunitazama, akapunguza sauti.

Nikapunguza mwendo. Nilisimama kwa muuza ndizi nikaulizia ndizi nisizozihitaji, mpaka wakawa mbali vya kutosha.