Mvua ya Jumapili

Mwanamkasi Jaku wa Dole alikuwa mwanikaji karafuu. Mashamba yote ya jirani yalilijua sikio lake. Akichukua chembe moja, huivunja karibu na sikio, akakwambia kama imekauka au bado inataka jua la siku moja. Alikuwa mwembamba, mkali kidogo wa maneno, na tangu alipoachwa hakutaka kuolewa tena. Akisema majamvi ishirini ya kuanikia yanamtosha, mume wa nini.

Msimu wa mwaka 1956, baba yake, mzee aliyetembea akiburuta kisigino cha kushoto, alifariki ghafla Jumatatu usiku, akazikwa Jumanne asubuhi nyuma ya msikiti. Karafuu zilizochumwa Jumapili zilikuwa zishaanikwa, na karafuu hazingoji matanga. Alhamisi, mama yake Bi Sichana akiwa ndani kwenye eda, Mwanamkasi alirudi uwanjani na macho yake yamevimba.

Ilipata saa nane za mchana. Mbingu ilikuwa nyeupe, haina wingu. Mara akasikia matone. Akarukia jamvi la kwanza alikunje, kama afanyavyo mwanikaji yeyote, lakini mikono ikamsita. Mvua ile ilikuwa ya uvuguvugu na haikumrowesha. Kila chembe iliyoguswa na tone iliacha weusi wake, ikavimba, ikawa kijani yenye wekundu wa mbali, kama ilivyotoka mtini. Akachukua moja, akaivunja sikioni. Haikulia. Utomvu ukambaki kidoleni.

"Subhanallah," alisema.

Jirani yake Mmanga akaja mbio kutoka pembe ya pili ya uwanja, kofia mkononi, matone yakimwangukia kichwani. Jumanne, kabla ya maziko, alikuwa amenyoa kichwa chote.

"Bi Mwanamkasi! Hebu nitazame! Nna nywele?"

Alikuwa nazo, pamoja na mvi zake zote.

Mwanamkasi alitazama nywele zile, akatazama karafuu. Karafuu mbichi kama hizi alizipokea Jumapili. Na Jumapili baba yake alikuwa hai, alikula muhogo kwa papa na akalalamika chumvi. Halafu akalinyakua beseni la kuchambulia, akayamwaga makonyo, vile vijiti vya karafuu, yaliyokuwamo, akalishika juu kwa mikono miwili. Mvua haikutoka nje ya uwanja ule. Huko msikitini jua lilikuwa likiwaka kama kawaida. Ilipokatika, beseni lilikuwa na maji ya kama vikombe vitatu.

"Unayapeleka wapi?" Mmanga aliuliza.

"Kwa baba."

Mmanga akampisha njia.

Njia ya makaburini hupita mbele ya nyumba yao. Mwanamkasi alitaka kupita bila kugeuka, akashindwa. Akasimama uani na kuita.

"Mama!"

"Naam," Bi Sichana aliitika kutoka ndani, akaja mpaka mlangoni bila kuvuka kizingiti.

Mwanamkasi alimweleza yote, huku akichunga maji yasimwagike. Mama yake alisikiliza mpaka mwisho. Akauweka mkono kwenye mwimo wa mlango.

"Mwanangu, baba yako keshalazwa kaburini. Keshaulizwa na malaika, na inshallah keshajibu. Unataka kumrudisha ili afe mara ya pili, aulizwe upya?"

"Nataka nimuone, mama."

"Na mimi nataka. Unadhani sitaki?" Bi Sichana aliyatazama yale maji. "Lakini si letu hilo. Yamwage hapo hapo uani."

Mwanamkasi alisimama na beseni lake muda mrefu. Mwishowe aliliinamisha.

Mchanga wa uani ulikuwa umefagiliwa asubuhi na umekanyagwa na wageni wa matanga. Maji yalipotambaa, nyayo za wageni zilitoweka moja moja, na nyayo nyingine zikaanza kujichora zenyewe mchangani: mguu wa kulia mzima, wa kushoto ukiburuta kisigino. Zilitoka upande wa msikitini, zikakata uani, zikakoma mbele ya kizingiti, zote mbili zimeelekea ndani, sambamba, kama za mtu aliyesimama kuvua viatu.

Bi Sichana alikaa chini pale pale mlangoni. Aliziangalia nyayo zile kama mtu anayetazama mwezi mwandamo. Mwanamkasi akakaa upande wa pili, nje.

Walizizungushia vijiti kuku wasizivuruge. Ijumaa jioni upepo wa kusi ulizifuta.

Karafuu zilichukua siku tano nyingine kukauka, na wanunuzi hawakuona tofauti yoyote. Mvua ile haikurudi Dole. Watu walipomuuliza Mwanamkasi habari zake, aliwaambia wamuulize Mmanga, ambaye alikataa kunyoa mpaka mwezi wa Ramadhani.